Sanaa kwenye mabango ya jiji: chagueni bango kabla ya picha

Swali: Sisi ni asasi ndogo isiyolenga faida. Tumepata wasanii kumi, na kampuni moja ya matangazo imekubali kutupatia mabango yake yasiyo na wateja kwa mwezi mmoja, bila kutulipisha nafasi. Hakuna kati yetu aliyewahi kufanya kazi ya matangazo. Tuanzie wapi, fedha kidogo tulizo nazo ziende kwenye nini hasa, na faili za wasanii ziandaliweje zisije zikaharibika zikikuzwa?

Jibu: Ahadi ya nafasi ni mtaji mkubwa, ila mmeruka hatua moja: wasanii wamepatikana kabla ya mabango kujulikana. Wasanii msiwaache, lakini asiambiwe yeyote "kazi yako imepita" mpaka muwe na orodha ya mabango mkononi, kila bango na vipimo vyake, upande linaoelekea na mwendo wa magari mbele yake. Picha ya ukutani hutazamwa na mtu aliyesimama kwa hiari yake. Ya bangoni hukutana na mtu aliye njiani kwenda kwingine, na mahali lilipo bango ndipo panapoamua picha gani itaonekana na ipi itapotea.

Maana ya "bure"

Kampuni za matangazo ya nje hazichukii sanaa. Mwaka 2014 nchini Marekani, mradi wa Art Everywhere ulionyesha kazi 58 kutoka makumbusho matano kwenye nafasi zipatazo 50,000, na nafasi hizo zilitolewa na sekta yenyewe ya matangazo. Bango tupu linaitia kampuni aibu barabarani, na picha nzuri inaiondoa aibu hiyo. Lakini mnapewa eneo lililokosa mnunuzi, kwa hiyo akitokea wa kulipa mnashushwa. Hiyo ni biashara yao wala si hila, na kazi yenu ni kuhakikisha jambo hilo limeandikwa.

Ombeni siku 14 za uhakika kwa kila bango, zihesabiwe tangu siku picha inapopandishwa. Zikipita hizo, kila siku ya ziada ni bahati. Wakikataa, ombeni notisi ya siku 5 za kazi pamoja na bango mbadala lenye vipimo vilevile. Msiache maneno "vipimo vilevile" yadondoke kwenye mkataba: turubai lililochapwa kwa bango la mita 12 kwa 3 halina kazi kwenye bango la mita 6 kwa 3, na huo ndio mtego ambao asasi nyingi changa huingia. Kinyume chake hutokea pia. Mwezi ukiisha na mteja hajapatikana, kampuni haina haraka ya kulipa mafundi waje kushusha picha yenu, nayo inaweza kukaa wiki kadhaa za ziada. Basi idhini mnayopewa na msanii isikome siku ya mwisho ya mkataba. Iandikwe kwamba inadumu mpaka bango litakapobadilishwa, lakini isizidi miezi sita.

Yaliyobaki kwenye mkataba ni mafupi: nani analipa kupandisha na kushusha, taa zinawashwa na kuzimwa saa ngapi, nani anagharimia turubai likichanika, na likishushwa linakuwa mali ya nani. Halafu kuna kibali cha maudhui, na hapo ndipo miradi hufia. Kampuni ina haki ya kukataa picha. Nyuma yake yupo mwenye kiwanja au jengo, ambaye mkataba wake wa pango unaweza kukataza siasa, pombe, dini au miili iliyo wazi. Takeni mwongozo huo kwa maandishi kabla msanii hajashika brashi, na rasimu zifike kwa kampuni wiki sita kabla ya kuchapa. Mwaka 1989 kikundi cha wasanii cha Guerrilla Girls cha New York kilibuni bango kwa ajili ya Public Art Fund, taasisi yenyewe ya sanaa, na likakataliwa. Wakaishia kukodi nafasi kwenye mabasi kwa fedha zao. Taasisi ya sanaa ikiweza kukataa, muuza nafasi atashindwaje?

Kabla ya kusaini, ulizeni ofisi ya mipango ya jiji mambo mawili. Kwanza, je, kila bango mlilopewa lina kibali ambacho bado ni halali? Bango lisilo halali mnaweza kulipewa kwa urahisi wa kutilia shaka, kwa sababu picha ya sanaa hulipatia bango hilo heshima ambayo halina. Pili, je, nembo ya mfadhili ikiwekwa kwenye picha, sheria inaihesabu kuwa tangazo, na ushuru unabadilika? Kuna miji inayotofautisha. Kuna na uliofunga mjadala kabisa: São Paulo, tangu sheria yake ya Cidade Limpa ianze kutumika mwaka 2007, iliondoa mabango ya matangazo mitaani.

Kukagua mabango

Orodha ya kampuni imeandikwa kwa wanunuzi wa matangazo, na hakuna muuzaji atakayeandika kwamba mti umekua mbele ya bango lake. Nendeni wenyewe, kwa gari na kwa miguu, asubuhi, jioni na usiku. Angalieni matawi, nyaya, taa zilizoungua na bango jirani. Angalieni jua pia. Bango ambalo jua huzama nyuma yake hugeuka kivuli kila jioni, na ndiyo saa yenye magari mengi. Picha ya giza hapo ni kazi bure.

Kisha hesabuni sekunde. Gari linalokwenda kilomita 80 kwa saa hupita mita 22 kila sekunde. Bango likianza kuonekana wazi kutoka mita 150, dereva ana sekunde kama 7, na sehemu yake kubwa macho yako barabarani, ndivyo inavyotakiwa. Kwa kilomita 60 anapata sekunde 9. Kwenye makutano yenye taa anaweza kupata dakika nzima, na kwenye kituo cha basi abiria atakuwa nalo robo saa.

Kwa hiyo yagawanyeni mabango kwa mwendo wa watazamaji, halafu pangeni picha. Barabara ya kasi inataka umbo moja kubwa na toni chache. Makutano yanavumilia picha yenye watu kadhaa na tukio. Kazi yenye mistari laini, maandishi marefu au vitu vidogo vya kugundua kimoja baada ya kingine ipelekeni kwenye mabango ya watembea kwa miguu. Msanii asiposhauriwa hivi atachagua bango kubwa kuliko yote, hata kama kazi yake inahitaji mtu asimame mita mbili.

Mfano wa kusomwa kwa makini ni kazi ya Felix Gonzalez-Torres ya mwaka 1991, iliyowekwa mahali 24 jijini New York mwaka 1992 pamoja na makumbusho ya sanaa ya kisasa ya MoMA. Ni picha ya rangi nyeusi na nyeupe ya kitanda ambacho hakijatandikwa, mito miwili, kila mto na bonde la kichwa kilicholala hapo. Hakuna neno hata moja. Mpita njia anashika "kitanda, watu wawili, hawapo" kwa kutupa jicho mara moja. Anayesimama anaona mikunjo ya shuka na kuanza kuuliza maswali. Picha inayofanya kazi zote mbili ni adimu. Mkiipata ipeni bango bora.

Na angalieni kwamba ilikuwa picha moja, mara 24. Mwaka 2015 manispaa ya Tehran iliweka kazi za sanaa za Iran na za nje kwenye mabango yapatayo 1,500 kwa siku kumi, na jiji likageuka kweli. Mabango kumi yaliyotupwa huku na kule kwenye jiji kubwa hayatamgeuza yeyote: kila mtu ataona moja, na atadhani ni tangazo la kitu ambacho hakukielewa. Kwa ukubwa wenu, ombeni mabango yaliyo kwenye njia moja au mbili, hata kama hayo ni madogo na yasiyo na sifa. Anayepita njia hiyo kila siku akikutana na picha tatu zisizouza kitu, atajua kuna jambo. Hapa tunashikilia msimamo dhidi ya wale wanaotaka "bango maarufu kuliko yote mjini": mara nyingi ndilo la kwanza kupata mteja, na la kwanza kuwatoa.

Umbo, kisha pikseli

Swali lenu la faili lina sehemu mbili, na watu huuliza ya pili tu. Ya kwanza ni umbo. Bango la mita 12 kwa 3 lina uwiano wa 4 kwa 1. Picha ya kamera ya kawaida ni 3 kwa 2. Faili la pikseli (vijinukta vinavyounda picha ya kidijitali) 6,000 kwa 4,000 likikatwa liingie kwenye bango hilo linabaki 6,000 kwa 1,500: karibu theluthi mbili za picha zimekwenda. Hakuna mchapaji atakayeziokoa. Ama kazi ichorwe au ipigwe kwa uwiano wa bango tangu mwanzo, ama ipewe bango linalokaribiana nayo. Bango la Uingereza la futi 20 kwa 10 ni 2 kwa 1. Lile kubwa la barabara kuu za Marekani, futi 48 kwa 14, ni kama 3.4 kwa 1. La kituo cha basi, mita 1.2 kwa 1.8, limesimama wima. Kumtumia msanii kiolezo chenye vipimo vya bango lake ni kazi ya dakika kumi inayookoa wiki mbili za mabishano. Kuivuta picha ijae ni kosa la aibu, na kuiweka katikati yenye pande mbili nyeusi hufanya kazi ikiwa tu msanii mwenyewe ameamua hivyo.

Sasa pikseli. Hofu ya "itapasuka ikikuzwa" ni kubwa kuliko tatizo lenyewe. Jicho zima, kutoka mita 20, halitofautishi vitu vilivyo karibu kuliko milimita 6 hivi. Lile faili la pikseli 6,000 likitandazwa kwenye mita 12, kila pikseli inakuwa na milimita 2. Kwa bango la juu linaloonwa kutoka mita 20 na kuendelea, limetosha na kuzidi. Wachapaji wengi huomba faili kwa kipimo cha 1 kwa 10 lenye nukta 300 kwa inchi, yaani 30 kwa inchi bangoni; kwa mita 12 kwa 3 hiyo ni pikseli 14,173 kwa 3,543. Mkiwa nazo, vizuri. Msipokuwa nazo, msizizalishe kwa nguvu kwa kuongeza ukubwa na kunoa kingo, kwa sababu kunoa kupita kiasi kunaacha utepe mweupe kuzunguka kila umbo, na huo utepe unaonekana kutoka mbali kuliko ukungu wenyewe. Kinachoharibu picha kweli ni faili lililopita kwenye programu ya kutumiana ujumbe: limebanwa, na vile vijisanduku vya mbano vikikuzwa vinakuwa vigae vya sentimita kadhaa. Msanii atume faili la asili, na kama kazi ni ya rangi za mafuta au kolaji, ipigwe picha upya kwa kamera iliyosimama kwenye miguu mitatu na mwanga unaotoka pande zote mbili, ili uso wa rangi using'ae.

Mabango ya watembea kwa miguu ni habari nyingine kabisa. Hapo pua ya mtu iko mita moja kutoka kwenye picha, na bango la mita 1.2 kwa 1.8 linataka nukta 100 kwa inchi au zaidi kwa ukubwa kamili, yaani pikseli 4,724 kwa 7,087. Ajabu yake ni kwamba bango dogo ndilo linalodai faili kubwa kwa kila mita.

Ongezeni sentimita 10 hadi 15 za picha kila upande kwa ajili ya sehemu inayojificha nyuma ya fremu, na hapo jina la msanii au jicho la mtu lisikae. Vipimo vyenyewe vichukuliwe na fundi kwa futi ya mkononi juu ya bango, eneo linaloonekana na eneo kamili, kila bango peke yake. Fremu iliyoorodheshwa kuwa mita 12 ikipatikana na mita 11.85 si ajabu.

Rangi na turubai

Bluu kali, zambarau na kijani cha kuwaka vinavyoonekana kwenye skrini havipo kwenye wino. Faili ligeuzwe kuwa CMYK, yaani mfumo wa rangi nne za wino wa kuchapia, na msanii aione hali hiyo kabla, akubali kwa maandishi. Kisha lipieni jaribio la mita 1 kwa mita 1, kwa mashine ileile, wino uleule na turubai lilelile, si kwa karatasi ya ofisini. Chagueni kipande chenye ngozi ya mtu au rangi muhimu pamoja na sehemu ya giza. Litundikeni nje, mrudi nyuma mita 20, mliangalie mchana na jioni. Vivuli vilivyokuwa na maelezo kwenye skrini huziba na kuwa doa moja jeusi. Inueni toni za kati, yaani sehemu zilizo kati ya giza na mwanga, kabla ya kuchapa. Usiku taa za bango, hasa zile zinazomulika kutoka chini, hufua sehemu ya chini ya picha na kuiacha ya juu gizani, kwa hiyo uso wa mtu ukae eneo ambalo taa inafika.

Turubai la kawaida la plastiki ya PVC lina uzito wa gramu 440 hivi kwa mita ya mraba. La mita 12 kwa 3 ni kilo 16 kabla ya pindo na kamba; watu wawili hulibeba, lakini kwenye upepo ni tanga. Upepo wa kilomita 72 kwa saa hulisukuma kwa nguvu inayokaribia uzito wa tani moja, na mwendo wa upepo ukizidi mara mbili nguvu huwa mara nne. Ndiyo maana kwenye maghorofa na madaraja hutumika turubai la wavu lenye matundu. Mkilitumia, kumbukeni kwamba matundu hula rangi, na picha hufifia hasa kukiwa na mwanga nyuma.

Kosa linalojirudia ni la kutandika juu ya tangazo lililopo. Turubai jepesi jeupe likipigwa na jua huonyesha kilicho chini yake, na mnaweza kukuta chupa ya soda imechomoza katikati ya mandhari ya msanii wenu. Ama tangazo la zamani litolewe, ama mchape kwenye turubai lenye mgongo mweusi. Andikeni hili kwenye mkataba wa upandishaji, kwa maana fundi akilipwa kwa bango ataruka kazi ya kutoa.

Mashine nyingi hutumia roli la upana wa mita 3.2. Bango la kimo cha mita 3 linatoka kipande kimoja, na la mita 4 litakuwa na maungio ya joto. Ulizeni maungio yatapita wapi kabla ya kuchapa, yasikate uso wa mtu, na kipande cha juu kilalie cha chini kama vigae vya paa, ili maji yateleze badala ya kuingia. Wino wa kiyeyushi (solvent) ukiwa bado mbichi hushika mgongo wa turubai likiviringishwa. Picha zenye giza jingi zina wino mwingi, kwa hiyo zipewe walau saa 24 za kukauka. Liviringishwe kwenye bomba, uso ukiwa nje, lisikunjwe. Mkunjo kwenye rangi nyeusi huacha mstari mweupe usiotoka.

Mwambieni mchapaji fremu inashikwa kwa nini: kamba kupitia vitundu vyenye pete za chuma, bomba linalopita kwenye pindo, au mikanda ya kukazia. Vitundu viwe kila sentimita 50, juu ya pindo lililoongezwa unene. Turubai likipandishwa wakati wa baridi hulegea jua likiwaka, na likilegea hupiga makofi usiku kucha mpaka pete zing'oke. Kwenye malipo ya fundi ingizeni ziara ya pili baada ya siku 3 au 4 ya kukaza upya. Ni kiasi kidogo, na ndicho cha kwanza kufutwa na mhasibu.

Skrini za LED

Kampuni ikiwapa skrini badala ya turubai mnaokoa gharama yote ya kuchapa, na mnapoteza muda. Skrini yenye nafasi 8 za sekunde 8 ina mzunguko wa sekunde 64. Dereva anayeiona kwa sekunde 8 ana nafasi moja kati ya nne ya kuiona picha yenu, tena wengi nusunusu. Ombeni nafasi mbili kwenye mzunguko uleule, au saa maalumu ambayo skrini ni yenu peke yenu. Pale Times Square, New York, mpango wa Midnight Moment ulioanza mwaka 2012 hutumia dakika tatu tu, kuanzia saa 5:57 usiku hadi saa 6 kamili, lakini skrini nyingi huonyesha kazi moja kwa pamoja. Dakika hizo tatu zina nguvu kuliko sekunde nane zilizobanwa kati ya dawa ya meno na bima.

Faili la skrini ni RGB, yaani mfumo wa rangi za mwanga, si za wino, na ni dogo kuliko mnavyodhani. Skrini ya mita 12 kwa 3 yenye taa kila milimita 16 ina pikseli 750 kwa 187. Mstari wa penseli haupo hapo. Tengenezeni faili kwa idadi kamili ya pikseli mliyopewa, na msanii alipunguze mwenyewe badala ya kuiachia programu ya kampuni. Mandhari meupe huumiza macho usiku na kampuni itayapunguza mwanga, na rangi zote zitashuka nayo. Picha inayosogea kandokando ya barabara imekatazwa na miji mingi, basi ulizeni kabla msanii hajatengeneza video.

Maandishi, jina na maswali ya watu

Kipimo cha herufi kinachotumika ni sentimita 2.5 za kimo kwa kila mita 3 za umbali ili isomwe kwa raha. Kwa kukaza macho, umbali unaweza kufika mara tatu. Jina la msanii kwa herufi za sentimita 10 litasomwa vizuri kutoka mita 12 na kwa shida kutoka 36, na kwa mtembea kwa miguu linatosha. Wekeni jina la msanii, jina la kazi na la asasi, basi. Nembo za wafadhili ziende kwenye tovuti. Nembo ya benki pembeni humfanya mtu aisome picha nzima kama tangazo la benki.

Msimbo wa QR husomeka kutoka umbali wa takriban mara kumi ya upana wake. Kwa mita 20 mnahitaji msimbo wa mita 2, nao utaimeza picha, mbali na kwamba mnamwalika dereva ashike simu. Kwenye kituo cha basi, msimbo wa sentimita 15 unafanya kazi safi.

Kazi inayocheza na kauli za kisiasa inahitaji maandalizi ya ziada, kwa sababu bango halina mwongozaji wa kueleza. Novemba 2016, kikundi cha wasanii cha For Freedoms kiliweka huko Pearl, Mississippi, picha ya waandamanaji wa haki za kiraia wa Selma wa mwaka 1965 wakikabiliwa na askari, na juu yake kaulimbiu ya kampeni ya Donald Trump. Lengo lilikuwa kuzua swali. Watu wa pande zote wakakasirika, na gavana akalikosoa hadharani. Hatusemi msiweke kazi ya namna hiyo. Awepo mtu mmoja mwenye simu iliyo wazi, maelezo ya aya moja yaliyokubaliwa na msanii, na uamuzi uliofanywa mapema kuhusu nani hasa anaweza kuamuru picha ishushwe. Mkiuamua siku ya ghasia, kampuni itawaamulia.

Fedha

Nafasi ikiwa bure, kuchapa na kupandisha ndiyo gharama kubwa, na havikwepeki. Msianze kubana kwenye malipo ya wasanii. Punguzeni idadi ya mabango: saba yaliyofanywa vizuri yana maana kuliko kumi yenye turubai la kulegea. Tengeni fedha za kuchapa upya bango moja kati ya kumi, za jaribio la rangi kwa kila msanii, za ile ziara ya kukaza, za bima ya watu watakaopanda, na za mpiga picha.

Mpiga picha huonekana anasa, lakini picha zake ndizo zitakazoombea ufadhili wa mwakani. Apige ndani ya saa 48 tangu kupandishwa, kabla ya upepo, wachoraji wa usiku au mteja wa ghafla. Saa nzuri ni magharibi, dakika ishirini hivi ambapo taa za bango zimewaka na mbingu bado ina rangi. Mbele ya bango waonekane watu au magari, la sivyo hakuna atakayejua ni kubwa kiasi gani. Takwimu za kampuni za magari yanayopita ziandikeni kama zilivyo, magari yanayopita. Msiziite watazamaji mbele ya mfadhili anayejua hesabu.

Kushusha kuwe na tarehe na mtu wa kupokea. PVC iliyochapwa hairejelezwi kirahisi, na fundi asipoambiwa ataikata vipande pale juu ili ashuke upesi. Mwambieni akate kamba, asiguse turubai, aliviringishe. Halafu fuateni mlichoandikiana na msanii: wapo wanaotaka kazi irudi nzima, wapo wanaoruhusu ishonwe mifuko, na wapo wasiotaka kabisa kuona uso walioupaka ukifunika mzigo kwenye lori.